Wambuti na udongo wa mababu: sheria inasema nini?

Wambuti ni wenyeji wa asili wa misitu ya wilaya za Beni na Lubero, na ya Mambasa upande wa Ituri. Huko Kivu Kusini wanaitwaka Batwa. Mababu zao waliishi kwa kuwinda, kutafuta asali na kuchuma dawa. Leo wengi wanakaa kando ya vijiji na kulima kibarua, sababu msitu umekatwa ao vita imewatoa.

Shida inatoka wapi? Sheria ya mwaka 1973 inasema udongo ni wa serikali. Kijijini, mwenye kuonyesha shamba, nyumba ao miti aliyopanda ndiye anasikilizwa mbele ya chefu. Mwindaji hana alama kama hizo. Njia zake na miti yake ya asali haziandikwi popote, basi msitu wake unaitwa pori tupu na kuuzwa bila yeye kuulizwa.

Hifadhi nazo ziliwaondoa watu. Kahuzi-Biega iliundwa mwaka 1970 na kupanuliwa mwaka 1975, na Batwa wakafukuzwa bila malipo. Mwaka 2024 Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu ilitangaza uamuzi wake: Kongo iliwavunjia haki, na inapaswa kuwarudishia udongo na kuwalipa fidia.

Hapa nchini, Prezidenti Félix Tshisekedi alitia sahihi sheria nambari 22/030 tarehe 15 Julai 2022. Inawapa Wambuti na Batwa haki juu ya udongo na mali ya asili wanayomiliki, wanayokalia ao wanayotumia. Kabla ya mradi kuingia kwao, wanapaswa kuelezwa vizuri na kukubali kwa hiari yao.

Kuna njia nyingine: msitu wa jamii. Kwa amri ya mwaka 2014, jamii inaweza kuomba kwa gavana wa jimbo hadi hekta 50.000, bila kulipia, na msitu unabaki wao siku zote. Lakini ombi linataka ramani na makubaliano na majirani. Wambuti wasipokuwa kwenye kikao cha kuchora ile ramani, msitu utaandikwa kwa jina la wengine, na itakuwa kwa njia ya sheria.