Mtu Bila Daftari: Maisha ya Sidi Mubarak Bombay na Deni Letu la Kumbukumbu

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Tumezoea kuielewa methali hii kwa maana ya fedha na bidhaa. Katika makala haya napenda kuihamishia kwa binadamu. Mtu naye asipoandikwa hupotea. Na anapopotea katika maandishi, haki zake hupotea pamoja naye.

Hapa Mwadui hoja hii haihitaji mfano wa mbali. Mgodi wa almasi ulioanzishwa mwaka 1940 ulipewa jina la mwanajiolojia kutoka Kanada, John Williamson. Almasi ya rangi ya waridi iliyopatikana hapa mwaka 1947, yenye uzito wa karati 54.5, ambayo Williamson alimzawadia Elizabeth, binti wa Mfalme wa Uingereza, kwa ajili ya harusi yake, nayo inajulikana kwa jina hilohilo. Wale waliochimba, waliosomba na waliochekecha udongo hutajwa kwa wingi tu: wafanyakazi, vibarua, wenyeji. Tabia hii ya kumtaja mmoja kwa jina na wengine kwa jumla ni kongwe kuliko mgodi wenyewe. Ilipita katika nchi hii miaka 82 kabla yake.

Mwezi Julai 1858 msafara mdogo ulitoka Kazeh, yaani Tabora ya leo, ukaelekea kaskazini kupitia Unyamwezi na Usukuma. Kiongozi wake alikuwa ofisa wa jeshi la Waingereza nchini India, John Hanning Speke. Mwenzake, Richard Burton, alibaki Kazeh akiwa mgonjwa. Tarehe 3 Agosti, karibu na Mwanza, Speke alitazama maji ambayo wenyeji waliyaita Nyanza, akayapa jina la malkia wake, Victoria. Vitabu vya shule vinalifahamu tukio hilo. Jambo lisilosemwa mara nyingi ni kwamba Speke hakujua Kiswahili, wala Kiarabu, wala Kisukuma. Kila swali alilouliza juu ya ziwa hilo, upana wake, mito yake na watu wa pwani zake, lilipita kwanza katika Kihindustani, kisha katika kinywa cha mtu mmoja, ndipo likamfikia mwenyeji. Na jibu lilirudi kwa njia hiyohiyo. Mtu huyo aliitwa Sidi Mubarak Bombay.

Tuyatazame majina hayo kwa makini, maana yote matatu aliyapata ugenini. Sidi ni jina ambalo watu wenye asili ya Afrika huitwa huko India. Mubarak ni jina la Kiarabu lenye maana ya aliyebarikiwa. Bombay ni mji. Mwenyewe alikuwa Myao, aliyezaliwa karibu na mwaka 1820 katika nchi ambayo leo imegawanywa na mpaka wa Tanzania na Msumbiji. Jina alilopewa na wazazi wake halikuingia katika vitabu vya wale aliowatumikia.

Habari za utoto wake zimetufikia kwa sababu alimsimulia Speke, naye Speke akaziandika kwa Kiingereza. Wafanyabiashara wa Kiswahili kutoka pwani walifika kijijini kwao wakiwa na bunduki na panga, wakadai madeni ambayo wanakijiji walikuwa wameyabeba nyakati za shida. Hapakuwa na mtu wa kulipa. Watu walikimbia, waliokamatwa waliswagwa hadi Kilwa. Mtoto yule hakuwaona tena wazazi wake. Aliuzwa, akapelekwa India, akatumikia huko miaka mingi hadi bwana wake alipofariki, ndipo akawa huru. Alirejea Zanzibar, akajiandikisha katika jeshi la Sultani, akapangwa katika ngome ya Chogwe, karibu na Pangani. Hapo ndipo Burton na Speke walipomkuta mwanzoni mwa mwaka 1857.

Sisi tunaoandika na kusoma kwa Kiswahili hatuna ruhusa ya kuiruka sehemu hiyo ya habari. Lugha yetu ilikuwa ya msafara, na msafara ulibeba pembe, ulibeba nguo, na pia uliswaga watu. Hesabu ya kwanza iliyoyagusa maisha ya Bombay ilikuwa hesabu ya deni, nayo ilidaiwa na watu wa mwambao wetu.

Baada ya safari ile ya kwanza hakupumzika sana. Mwaka 1860 aliondoka tena na Speke, safari hii pamoja na James Grant, wakapita Karagwe na Buganda. Julai 1862 Speke alifika mahali ambapo Nile inatoka ziwani, na mwaka 1863 wakafika Misri. Mwaka 1871 Henry Morton Stanley alimwajiri kwenda kumtafuta David Livingstone, nao wakamkuta Ujiji. Mwaka 1873 aliondoka na Verney Lovett Cameron, wakalivuka bara zima kutoka Bagamoyo hadi pwani ya Angola, ambako walifika Novemba 1875. Inakadiriwa kwamba kwa jumla alisafiri kilomita zaidi ya 9,000, sehemu kubwa kwa miguu. Wachache tu kati ya mabwana zake, kama wapo, waliijua Afrika ya Kati kwa upana kama yeye.

Katika safari hizo alikuwa mkalimani, msimamizi wa wapagazi, mtunza bidhaa na mpatanishi wa hongo kwa watemi. Alikuwa pia mtu wa kupigwa. Speke aliandika waziwazi kwamba alimpiga ngumi. Stanley, aliyeona pengo la meno yake na kueleza chanzo chake, naye akampiga kwa zamu yake. Mambo hayo tunayajua kwa kuwa waliopiga walikuwa na kalamu, na hawakuona aibu kuyaandika.

Wapagazi waliobeba misafara hiyo, wengi wao Wanyamwezi na Wasukuma, walibeba aina moja ya nguo iliyokuwa kama fedha ya bara. Iliitwa merikani, kwa kuwa kwa muda mrefu ilitoka katika viwanda vya Marekani na kuletwa Zanzibar na wafanyabiashara wa Salem, Massachusetts. Naomba msomaji aufuate uzi wa nguo hiyo hadi ulikofumwa, maana huko tunakuta kielelezo cha jambo tunalolizungumza.

Mwezi Machi 1871, wakati Stanley na Bombay wakiondoka Bagamoyo, huko New York wawakilishi wa timu za besiboli walikutana na kuunda ligi ya kwanza ya wachezaji wa kulipwa. Besiboli ni mchezo wa mpira na kibao, wenye wachezaji tisa kila upande. Tayari wakati huo mwandishi wa magazeti Henry Chadwick, mzaliwa wa Uingereza, alikuwa ameeneza utaratibu wa kuchapisha jedwali la kila mchezo, likionyesha kila mchezaji kwa jina, mara alizofanikiwa na makosa aliyofanya. Jedwali hilo halikubagua shujaa na mzembe. Kijana wa kiwandani aliyecheza siku moja tu, asiitwe tena, alibaki ndani yake milele.

Mwaka 1971, miaka 100 baadaye, watafiti wachache walikutana Cooperstown, katika jimbo la New York, wakaunda chama cha kuchunguza historia ya mchezo huo. Leo wanachama wake wanajitahidi kuandika wasifu wa kila mtu aliyewahi kucheza katika ligi kuu, hata wa mchezo mmoja: alizaliwa wapi, alifanya kazi gani baada ya mpira, alizikwa wapi. Mchezaji wa karne ya 19 ambaye hata wajukuu zake hawakumjua anafufuliwa kutokana na mstari mmoja gazetini.

Lakini hata daftari hilo lilikuwa na dhambi yake. Moses Fleetwood Walker, Mmarekani mweusi, aliichezea timu ya Toledo katika ligi kuu mwaka 1884. Muda mfupi baadaye mlango ulifungwa, na watu weusi hawakurudi katika ligi kuu hadi Jackie Robinson mwaka 1947. Walichezea ligi zao wenyewe, na rekodi za ligi hizo hazikuhesabiwa. Desemba 2020 uongozi wa besiboli ulitambua ligi za weusi za miaka ya 1920 hadi 1948 kuwa ligi kuu, na mwaka 2024 takwimu zao zikaingizwa katika rekodi rasmi. Marekebisho hayo yaliwezekana kwa sababu watu walikuwa wametafuta majedwali ya michezo hiyo katika magazeti ya zamani. Dhuluma iliyoacha maandishi inaweza kukatiwa rufaa.

Turudi sasa kwenye msafara. Wapagazi na askari wa Speke nao walikuwa na jedwali lao. Mwishoni mwa kitabu chake cha 1863 aliweka orodha ya watu wa safari, na mbele ya majina yao akaandika yaliyowapata: huyu alitoroka, huyu alifariki, huyu alifika. Ni mstari mmoja kwa kila mtu, kama ule wa gazeti la besiboli. Tofauti ni kwamba sisi hatujaanza kuwatafuta watu hao ng'ambo ya mstari huo.

Bombay mwenyewe alivuka mstari. Chama cha Kifalme cha Jiografia cha London kilimpa medali ya fedha kwa utumishi wake katika safari za Nile, na mwaka 1876 kikamkubalia posho ya maisha. Alifariki Oktoba 1885, mwaka uleule ambao Mfalme wa Ujerumani alitia sahihi hati ya kuidai nchi hii. Ramani zilizotandazwa mezani huko Ulaya zilikuwa na njia ambazo miguu yake ilizipima. Mwaka 2009 chama hichohicho cha London kiliandaa maonyesho kuhusu watu waliofichwa katika historia ya uvumbuzi, na Bombay alikuwa mmoja wao.

Kwa nini yeye alipata posho, na mpagazi wa Kisukuma aliyetembea nyuma yake asipate? Si kwa sababu mpagazi alichoka kidogo zaidi. Jina la Bombay lilikuwa katika vitabu vinne au vitano. Utumishi wake uliweza kuthibitishwa kwa tarehe na mahali. Mpagazi hakuwa na ushahidi. Hapa ndipo kumbukumbu inapoacha kuwa suala la heshima na kuwa suala la haki.

Watumishi wa umma wanaosoma makala haya wanalifahamu jambo hili kwa sura nyingine. Mzee anayefuatilia mafao yake huulizwa barua ya ajira, namba ya uanachama, hati za mishahara. Mchimbaji aliyeumia shimoni bila kuandikwa popote hawezi hata kuthibitisha kwamba alikuwa shimoni. Jalada lililopotea kabatini ni mtu aliyerudishwa katika msafara wa wasio na majina. Kwa hiyo karani anayetunza daftari la wafanyakazi kwa uaminifu anafanya kazi kubwa kuliko anavyodhani, na mwajiri anayekwepa kuwaandika vibarua wake anajua vyema anachokikwepa.

Kwa wanafunzi wa historia ninalo ombi la wazi. Ukanda huu wa Shinyanga na Geita una wazee waliofanya kazi migodini, katika vinu vya kuchambua pamba na katika vyama vya ushirika. Wanazo kadi za kazi, picha, risiti na kumbukumbu za majina ya wenzao. Utafiti wa shahada hauhitaji kuanza na mtu mkubwa. Mwanafunzi mmoja akichukua orodha moja ya mishahara na kuwafuatilia watu kumi tu waliomo, kila mmoja hadi kijijini kwake, atakuwa amefanya kwa ajili ya Usukuma kile ambacho watafiti wa Cooperstown wanafanya kwa ajili ya vijana wao waliocheza siku moja.

Kwa wanaharakati, dai la kuandikwa litangulie madai mengine yote: mkataba wa maandishi, jina kamili, tarehe ya kuanza kazi, nakala mkononi mwa mfanyakazi. Bombay alitegemea kalamu za watu waliompiga, na posho yake ikaamuliwa London. Mfanyakazi wa leo hana sababu ya kuacha ushahidi wa maisha yake mikononi mwa mtu mwingine.