Ustahimilivu wa Sidi Mubarak Bombay katika Njia ya Tabora

Mwili wa mtu ni mtaji wake wa kwanza, na kwa walio wengi ndio mtaji wa pekee. Mkulima huutumia shambani, baharia huutumia baharini, na mpagazi huutumia njiani. Mtaji huu una tabia moja isiyopatikana katika mitaji mingine: ukipotea haukopeki. Kwa sababu hiyo, kazi nzito iliyodumu miaka mingi katika mwili mmoja yastahili kutazamwa na mwanahistoria kwa makini yale yale atazamayo vita na mikataba.

Katika habari za njia ya misafara iliyotoka Bagamoyo, ikapita Tabora, ikafika Ujiji, ni watu wachache sana ambao kazi yao ya miguu imeandikwa kwa urefu kama ile ya Sidi Mubarak Bombay. Tangu 1857 mpaka 1876 alishiriki katika safari nne kubwa, akatembea takriban kilomita 9,600, sehemu kubwa kwa miguu yake mwenyewe. Wazungu watano walioongoza safari hizo, yaani Burton, Speke, Grant, Stanley na Cameron, wote waliugua njiani, na baadhi yao walibebwa. Bombay alikuwa mkubwa kuliko wengi wao kwa umri. Aliwezaje kudumu? Na je, ni kweli kwamba hakuumia?

Kwanza ni lazima kuijua njia yenyewe. Toka pwani mpaka Tabora ni zaidi ya kilomita 800, na msafara wenye mizigo ulikwenda miezi miwili, mitatu au zaidi. Mzigo wa kawaida wa mpagazi ulikuwa karibu frasila 2, nazo ni kama kilo 32, mbali na mkeka wake, chungu chake na chakula chake. Baada ya nyanda za pwani msafiri alikuta kinamasi cha Makata, ambako wakati wa masika watu walipita katika matope na maji kwa saa nyingi. Baada ya Mpwapwa alikuta Marenga Mkali, nchi isiyo na maji ya kunywa. Akipita Ugogo kwa kulipa hongo, alikuta Mgunda Mkali, pori refu lenye njaa na kiu. Miguu ilipasuka, mabega yalichubuka, vidonda vya miundi vilioza, na homa, tumbo la kuhara na ndui vilifuatana na misafara kama kivuli. Majina hayo mawili yenye neno "mkali" hayakutungwa na wenye ramani. Yalitoka vinywani mwa watu walioionja njia kwa nyayo zao.

Bombay hakuzaliwa katika njia hiyo. Alikuwa Myao, aliyezaliwa yapata 1820 karibu na mahali ambapo leo Tanzania na Msumbiji hupakana. Akiwa kijana mdogo kijiji chao kilishambuliwa, akatekwa, akapelekwa Kilwa, akauzwa, kisha akavushwa bahari mpaka Bara Hindi. Alikaa huko miaka mingi, akajifunza Kihindustani, na jina la Bombay likamshika. Bwana wake alipofariki alipata uhuru, akarudi Afrika Mashariki, akaingia katika askari wa Sultani wa Unguja. Burton na Speke walimkuta katika mwaka 1857 kwenye ngome ya Chogwe, si mbali na Tanga. Wote wawili walikijua Kihindustani, na hivyo mtu aliyeuzwa ng'ambo akawa, kwa sababu ya lugha aliyoipata utumwani, mtu wa lazima katika safari ya bara. Jeraha la kwanza la maisha yake, yaani kule kutekwa, ndilo lililompa kazi.

Safari ya kwanza ilifika Kazeh, ambayo ndiyo Tabora, tarehe 7 Novemba 1857. Huko wageni walipokewa na tajiri Mwarabu Snay bin Amir, wakapumzika. Walipoendelea mbele, Burton alipatwa na maradhi yaliyomlegeza miguu hata akawa hawezi kutembea, na Speke akapatwa na ugonjwa wa macho uliomtia karibu na upofu. Februari 1858, walipokuwa juu ya kilima, Burton aliona mstari wa mwanga chini ya miti, akamwuliza Bombay ni kitu gani. Bombay alijibu kwamba kwa maoni yake yalikuwa maji. Ndilo lilikuwa ziwa la Tanganyika. Bwana mmoja hakuweza kulifikia kwa miguu yake, wa pili hakuweza kuliona vizuri kwa macho yake, na mtumishi alikuwa na miguu na macho. Baadaye Speke aliingiliwa na mdudu sikioni akiwa ziwani, akauma mpaka ndani, na sikio hilo likapungua kusikia. Burton alirudi Kazeh akibebwa katika machela. Speke alipotoka Kazeh Julai 1858 kwenda kaskazini, ambako aliliona ziwa lililoitwa naye Victoria, Bombay alikwenda pamoja naye, na Burton akabaki mjini.

Safari ya pili, ya Speke na Grant, ilianza 1860. Grant alishikwa na kidonda cha mguu kibaya hata akaachwa Karagwe kwa miezi kadhaa, na hakuwapo Speke alipofika mahali ambapo Mto Nile watoka ziwani, Julai 1862. Bombay aliendelea mpaka Gondokoro, Februari 1863, kisha akashuka mpaka Cairo, akarudi Unguja kwa njia ya bahari. Katika safari hiyo alipata jeraha ambalo habari zake zimefika kwetu. Speke mwenyewe, katika kitabu chake cha 1863, alikiri kwamba aligombana na Bombay akampiga ngumi za kichwa. Miaka minane baadaye Stanley alimkuta Bombay na pengo katika meno ya juu, akaandika kwamba bila shaka pengo hilo lilifanywa na ngumi ya Speke kule Uganda. Basi meno hayo hayakuvunjwa na njia. Yalivunjwa na mwajiri.

Stanley naye, alipomwajiri mwaka 1871 awe kapteni wa askari wake, hakuficha kwamba alimtandika kwa fimbo. Msafara wake ulifika Unyanyembe Juni 1871, ukaingia katika vita vya Waarabu na Mirambo, ukashindwa pamoja na Waarabu, ukatoka tena Septemba kuelekea Ujiji kwa njia ya kuzunguka kusini. Wazungu wawili waliofuatana na Stanley hawakuiona pwani tena: Farquhar alifia Mpwapwa, na Shaw, aliyerudishwa Tabora kwa ugonjwa, alifia huko. Mwishoni mwa 1871 Stanley alimkuta Livingstone, na Bombay alikuwapo. Alikuwa na umri wa miaka 50 na kitu.

Hakupumzika sana. Mwaka 1873 alitoka tena Bagamoyo na Cameron. Safari hii ndiyo iliyoonyesha kwamba umri umemfikia. Cameron aliandika, kwa maneno ya kusikitika, kwamba Bombay alikuwa amepungukiwa na juhudi aliyoijulisha katika safari zilizopita, na kwamba alitegemea sifa yake ya zamani. Huenda ni kweli. Lakini mwenye kuisoma hukumu hiyo azingatie mambo yaliyoizunguka. Katika miezi waliyokaa Tabora, Cameron na wenzake walilala kwa homa mara kwa mara, na Cameron alipotewa na nuru ya macho kwa muda. Oktoba 1873 Chuma na Susi walifika Kwihara na maiti ya Livingstone, waliyoitoa mbali kusini kwa Chitambo. Daktari Dillon, mwenzake Cameron, alikata tamaa kwa homa akajiua kwa bunduki mwezi wa Novemba, alipokuwa akirudi pwani. Cameron peke yake, miongoni mwa Wazungu wa msafara ule, aliendelea mbele. Na yule mzee aliyepungukiwa na juhudi alikwenda naye Ujiji, na Nyangwe, mpaka Novemba 1875 walipoiona bahari ya Atlantiki. Mtu wa miaka 55 hivi, mwenye kuitwa mvivu, alikuwa amevuka Afrika toka bahari hata bahari.

Sababu za kudumu kwake zafaa kupimwa bila chumvi. Ya kwanza ni kazi aliyokuwa nayo. Bombay hakuwa mpagazi. Alichukua bunduki, kisha akawa mkuu wa watu. Frasila mbili hazikumkalia begani siku nenda siku rudi. Kumsifu kana kwamba alidumu chini ya mzigo ni kuwadhulumu waliokuwa chini yake. Ya pili ni ulimi. Aliyejua kuzungumza na jumbe, kupatanisha wagomvi na kuulizia maji, alijiokoa katika hatari ambazo nguvu peke yake isingeziokoa. Ya tatu ni Tabora yenyewe. Kila safari ilisimama huko kwa majuma au miezi, ikala mchele na nyama, ikangoja wapagazi wapya. Vitabu vya wasafiri huandika vituo hivyo kama hasara ya wakati. Kwa mwili wa mtu vilikuwa faida. Livingstone alikaa Kwihara mwaka 1872 mpaka Agosti, akingoja watu wake. Burton alirudi huko akiwa hawezi kusimama, akaondoka akiwa na nafuu. Kabla ya mji huo kuwa na hospitali, mji wenyewe ulikuwa hospitali ya njia. Na sababu ya nne, ambayo hapana mwenye haki atakayeikana, ni bahati. Wengi walikuwa hodari kama yeye, wakafa kwa ndui.

Hapa ndipo pana jambo zito kuliko yote. Mwanahistoria akitafuta maradhi ya Burton, atayapata kurasa kwa kurasa: siku yalipoanza, viungo yaliyoshika, dawa zilizojaribiwa. Akitafuta sikio la Speke au mguu wa Grant, atapata vivyo hivyo. Akitafuta maumivu ya Bombay katika miaka karibu 20, hupata zaidi ngumi, fimbo na pengo la meno. Yaani huyapata pale tu yalipogusana na mkono wa bwana. Vidonda vya miguu yake, homa zake, usiku alioshindwa kulala, havikuwa na mwandishi. Kwa hiyo imekuwa rahisi kusema kwamba mwili wake ulikuwa wa chuma. Lakini mwili usioandikiwa maradhi si mwili usiougua. Ustahimilivu tunaousifu kwa watumishi wa zamani mara nyingine ni ukimya wa karatasi tu.

Ikiwa ndivyo kwa Bombay, ambaye jina lake lilijulikana London, mpagazi wa Kinyamwezi aliyeachwa Mgunda Mkali kwa kidonda ana habari gani? Yeye alikwenda pwani kijana, akitaka nguo na ng'ombe na heshima ya mtu aliyeiona bahari. Alipokuwa mzima alihesabiwa katika mizigo. Alipougua alitolewa katika hesabu. Njia ya Tabora ilijengwa na nyayo zake zaidi kuliko za mtu yeyote aliyetajwa katika insha hii, na sifa za Bombay hazipaswi kumfunika. Zinapaswa kuwa dirisha la kumtazamia.

Chama cha Kifalme cha Jiografia cha London kilimpa Bombay nishani ya fedha, na mwaka 1876 kikampa malipo ya uzeeni. Aliyala kwa miaka tisa, akafariki Oktoba 1885, akiwa na miaka 65 hivi. Mwaka huo mataifa ya Ulaya yalikuwa yamekwisha maliza mkutano wa Berlin, na nchi alizozipitia zilikuwa zinagawanywa kwa kutumia ramani ambazo miguu yake ilisaidia kuzichora. Reli ya kati iliwasili Tabora 1912, na Kigoma 1914, na safari ya miezi ikawa ya siku. Mabega ya wapagazi yakapumzika kwa muda mfupi tu, maana katika Vita Kuu iliyofuata watu wa bara walitiwa mizigo tena kwa maelfu mengi, safari hii bila hiari, na wengi hawakurudi.

Aendaye Kwihara leo huonyeshwa tembe ambayo ni makumbusho ya Livingstone. Ni haki kuihifadhi, kwa kuwa Livingstone aliteseka humo kweli. Lakini katika nyua za Kwihara na Tabora walilala pia watu waliofunga vidonda vyao kwa matambara usiku, wakaamka alfajiri kwa ngoma ya kirangozi, wakanyanyua. Bombay alikuwa mmoja wao aliyefika mwisho. Tunalijua pengo la meno yake kwa kuwa Mzungu aliliona. Yaliyobaki katika mwili ule aliyajua mwenyewe, akaenda nayo.