FITRI NI LAZIMA IWE MCHELE? TUITAZAME HISTORIA YA WALI



Ndugu zangu, kila Ramadhani ikifika mwishoni naulizwa: "Shehe, nyumbani nina mahindi tu, fitri yangu itasihi?" Wengine hukopa mchele dukani ili watoe. Basi leo tuangalie huo wali umetoka wapi.

Mtume (s.a.w.) na Maswahaba Madina walikula tende na shayiri. Hadithi ya Abu Said al-Khudri kuhusu fitri imetaja tende, shayiri, zabibu na jibini kavu. Mchele haumo. Na ile kauli ya kuusifu mchele inayozungushwa kwenye magrupu kuwa ni Hadithi, Ibn al-Qayyim ameihesabu katika za kutungwa. Msiisambaze.

Mpunga ulilimwa China, bonde la mto Yangtze, maelfu ya miaka kabla ya Uislamu. Ukalimwa India, ukafika Uajemi na Iraq, na vyombo vya kaskazi vikauleta pwani yetu. (Afrika Magharibi wana mpunga wao wa asili, wa mto Niger.)

Tazameni Pemba. Pale Tumbe, mji wa karne ya 7 hadi ya 10, wachimbaji wa mambo ya kale walichambua punje zilizoungua, wakakuta nyingi ni uwele. Jirani yake Chwaka, mji uliostawi kuanzia karne ya 11, wenye misikiti, mpunga ndio umetawala. Si kwamba uwele ulikuwa mbaya. Uwele unavumilia ukame, mpunga unataka maji na kazi nyingi. Watafiti wanaona wali ulipanda pamoja na Uislamu, miji na karamu za kukirimu wageni. Kumbe pilau ya maulidi haikuanza jana! Mwaka 1331 Ibn Battuta alikirimiwa Mogadishu wali wa samli kwa kitoweo cha kuku, nyama na samaki. Lakini Mombasa akakuta watu wanakula zaidi ndizi na samaki.

Sisi huku juu Umakondeni, ardhi isiyotuamisha maji, wazee wetu walikula mtama na muhogo, njaa ikibana wakachimba ming'oko. Mpunga uko bondeni, Ruvuma. Wali ulikuwa wa Idi na harusi, mpaka fedha za korosho zilipouzoesha.

Ndiyo maana wanazuoni wa Kishafi wakasema fitri hutolewa katika chakula kikuu cha mji, pishi moja kwa kila mtu. Mji ambao wengi hula ugali wa mahindi, mahindi yanasihi. Mwenye mchele akitoa mchele, sawa. Asiyenao asikope. Muhogo una mjadala wake, nitauandikia inshaallah.