Shamba lililolala si pori

Bakomrade, kama umewahi kusoma ripoti ya jeometre katika kesi ya mpaka wa shamba, huku kwetu Kolwezi, umekutana na neno «pori». Mtu anaandika «pori» na hekta mbili za watu zinapotea. Nataka tuone hilo neno limetoka wapi.

Mwaka 1885, mwaka uleule Leopold II alipopata dola lake la Kongo, ilitoka amri kwamba ardhi isiyo na mtu ni ya Dola. Isiyo na mtu maana yake nini? Dekreti ya 3 Juni 1906 ilijaribu kujibu: ardhi ya wenyeji ni ile wanayokaa, wanayolima, au wanayotumia kwa njia yoyote kufuatana na desturi. Kwenye karatasi, vizuri. Tena ikaruhusu kijiji kipewe hadi mara tatu ya eneo wanalokaa na kulima. Ukarimu, eti!

Hapa agronome ndani yangu anaamka. Udongo wetu wa miombo ni maskini. Wazee walikata miti, wakachoma, wakalima miaka mitatu minne hivi, kisha wakaacha miti irudi miaka 20 au zaidi. Fanya hesabu: ukilima hekta 1 kwa miaka 4 na kuipumzisha 20, unahitaji hekta 6 ili usikose chakula. Dekreti inakupa 3. Nusu ya shamba lako imekuwa pori la Dola kwa sababu mpimaji alipita wakati limelala. Na Katanga ndiyo tulikuwa na Comité Spécial du Katanga, iliyoundwa 1900, ambayo ilisimamia ardhi na kugawa haki za machimbo. Union Minière ilizaliwa mwaka huohuo wa dekreti, 1906. Haya, endelea kuwaza.

Sheria ya ardhi ya 20 Julai 1973 ilifanya udongo wote kuwa mali ya Serikali. Lakini artikle ya 388 ilirudia karibu maneno yale ya 1906: kukaa, kulima, au kutumia kwa njia yoyote. Hiyo «kwa njia yoyote» njo silaha.

Tangu nimalize lisanse, majirani wananiletea karatasi za tribinali niwasomee. Katika kesi moja, jeometre aliyetajwa na mwamuzi alikuja na GPS yake siku moja, akaweka mpaka pale mahindi ya mama mmoja yalipoishia. Ng'ambo: pori. Nilienda kuona. Visiki vimekatwa kwa shoka, machipukizi yote yana umri mmoja, chini ya majani kuna matuta ya mihogo ya zamani, na ukichimba kidogo unapata makaa. Mita alizipima sawasawa, sina neno. Kitu alichokosa kusoma ni umri. Majirani walimshauri mama afyeke haraka ili paonekane panalimwa. Akakataa: udongo haujashiba bado, alisema.

Ripoti ya mtaalamu si hukumu. Mwamuzi halazimiki kuifuata kama haimshawishi, na anaweza kuombwa upimaji mwingine. Ila usisimame mbele yake kusema tu «jeometre alikula pesa». Hiyo anaisikia kila wiki. Uliza kama pande zote mbili ziliitwa siku ya kupima, alianzia jiwe gani, na wazee gani wa mpaka walisikilizwa. Kisha omba agronome aende pamoja na jeometre wa pili, na picha za visiki ziingie katika faili.

Angalia pia mlango unaobisha. Kwa sheria ya 11 Aprili 2013, mgogoro wa ardhi ya desturi unaenda tribunal de paix. Na kama jirani tayari ana certificat d'enregistrement, kimbia kwa avoka leo, maana ikipita miaka 2 tangu itolewe, kwa kawaida huwezi tena kuishambulia.