Mizani ya Akili: Swali la Lushoto

Watoto wengi wa Lushoto huanza kufikiri kwa Kishambaa, kisha shuleni hupimwa kwa Kiswahili. Alama hizo zapima nini hasa? Jean Piaget wa Uswisi, aliyezaliwa 1896, aliziona fikra za mtoto zikipanda ngazi kwa ngazi, kwa kuvijaribu vitu mwenyewe. Lev Vygotsky wa Urusi, mzaliwa wa mwaka huohuo aliyefariki kijana 1934, aliuliza zaidi: aweza nini akisaidiwa na aliyemzidi ujuzi? Robert Sternberg na wenzake walilifuata swali hilo kwa wanafunzi wa karibu na Bagamoyo. Matokeo yakachapishwa 2002. Watoto walipimwa, wakafundishwa kwa muda usiotimia saa, wakapimwa tena. Alama zikapanda. Mizani ya kwanza, kumbe, iliwapunja.