Kutoka Lima hadi Runyenjes

Runinga ya kwanza niliyoitazama Runyenjes, kwetu Embu, ilikaa juu ya cherehani. Shangazi yangu alikuwa fundi wa nguo. Jioni alikunja kichwa cha cherehani ndani ya meza yake, akatandika kitambaa cha kroshia, akapandisha runinga nyeusi na nyeupe, kisha akaunganisha nyaya kwenye betri ya gari. Betri hiyo tuliipeleka kuchajiwa kwenye kinu cha mahindi, imefungwa kwa mpira nyuma ya baiskeli. Sisi watoto tulizungusha mlingoti wa antena hadi sauti itoke ndani: “Hapo hapo!” Mwaka ulikuwa 1987, na kilichokuwa kikingojewa ni Tushauriane.

Chimbuko la kipindi hicho, ajabu, ni cherehani pia. Mwaka 1969 Peru ilitoa Simplemente María, kisa cha mtumishi wa nyumbani aliyejifunza kushona hadi akainuka kimaisha. Kila kilipoonyeshwa Amerika ya Kusini, kampuni ya Singer iliuza vyerehani kwa wingi. Miguel Sabido, mwandishi na mtayarishaji wa Televisa nchini Mexico, akaona kwamba hadithi iliyofanya hayo bila kukusudia ingefanya makubwa ikikusudia. Mwaka 1975 akatoa Ven conmigo, kuhusu kisomo cha watu wazima. 1977 akafuatiza Acompáñame, kuhusu uzazi wa mpango. India ikaja na Hum Log 1984. Mmarekani David Poindexter akaisukuma mbinu hiyo hadi Kenya, na 1987 shirika la utangazaji la Sauti ya Kenya likawa na Tushauriane runingani na Ushikwapo Shikamana redioni, zote kwa Kiswahili.

Sabido alitaka wahusika wa aina tatu: mwema, mwovu, na yule anayeyumba katikati. Huyo wa tatu ndiye kazi yenyewe ya mwandishi. Kwa shangazi, hakuna aliyepoteza muda kumjadili mwema. Wanawake walioona haya kutaja kupanga uzazi mbele ya mama mkwe walitaja tu jina la mhusika anayeyumba, na kila mtu akaelewa. Utafiti wa 1977–78 ulipata wastani wa watoto 8.1 kwa kila mwanamke Kenya. Ule wa 1989 ukapata 6.7. Shule na zahanati zilifanya kazi kubwa hapo, lakini nilisikia kwa masikio yangu jinsi hadithi ilivyofungua vinywa.

Baadaye zikaja tamthilia za Mexico zenyewe, The Rich Also Cry na No One But You, zimetiwa sauti za Kiingereza, nasi watoto wa shule tukawa wakalimani.

Mwaka 2019, miaka 50 baada ya María wa Peru, Rashid Abdalla na Lulu Hassan wa Jiffy Pictures walileta Maria katika runinga ya Citizen, kisa cha msichana wa mtaa wa mabanda aliyeingia nyumba ya tajiri. Kisha Zora, kisha Sultana. Nilimsikia Maria akitetewa soko la Gakoromone, Meru, kati ya mikungu ya ndizi, kwa ukali wa mama mzazi.

Zamani shangazi alizima runinga mara tu majina yalipoanza kupanda, ili kuokoa betri. Nikakua nawajua wahusika wote bila kuwajua waliowaandika. Sasa umeme upo. Maria ilipokwisha jioni moja, shangazi aliyaacha majina yapite, akakisogelea kioo, akayasoma kwa sauti, moja baada ya jingine.