Hongo: ushuru wa njia ya misafara uliogeuka jina la rushwa

Hongo, neno ambalo siku hizi husikika zaidi mahakamani na kwenye habari za uhalifu, katika karne ya 19 lilikuwa jina la ushuru. Kwenye njia ya misafara iliyotoka Bagamoyo, ikapita Mpwapwa na Ugogo hadi Tabora na Ujiji, kila msafara uliingia katika nchi ya mtemi, yaani mtawala wa mahali, kwa kumlipa hongo, na ukiisha kulipa ulipita kwa amani. Malipo yalijulikana, yalijadiliwa hadharani, na aliyeyapokea hakuwa na sababu ya kujificha. Maana hiyo ilififia katika kipindi kisichofika miaka mia moja. Ilififia kwa sababu mamlaka juu ya njia yenyewe yalibadilika mikono.

Neno lenyewe linatokana na kitenzi honga, ambacho maana yake ya msingi ni kutoa kitu ili kupata kibali au kufanikisha jambo. Kitenzi hicho hakisemi kama jambo linalotafutwa ni la haki au la dhuluma. Mpita njia aliyemhonga mtemi alitafuta ruhusa ya kupita. Mtu anayemhonga karani anatafuta upendeleo. Tofauti ya matendo hayo mawili haimo katika neno. Imo katika hadhi ya anayepokea, na ndiyo iliyobadilika.

Njia na bidhaa zake

Njia ya kati ilipata nguvu katika nusu ya kwanza ya karne ya 19, soko la pembe za ndovu lilipopanuka Zanzibar. Wanyamwezi walikwisha kuizoea: walishuka pwani wakiwa wafanyabiashara na wapagazi, nao wafanyabiashara wa Kiarabu na Waswahili wakaifuata njia hiyo hiyo kuingia bara, wakaanzisha makazi Kazeh, mahali ambapo leo ni sehemu ya Tabora. Kutoka pwani hadi huko ni zaidi ya kilomita 800. Wasafiri wa Kiingereza Richard Burton na John Hanning Speke waliondoka pwani mwishoni mwa Juni 1857, wakaingia Kazeh tarehe 7 Novemba, baada ya siku 134 kwa hesabu ya Burton.

Hongo ililipwa kwa bidhaa zilizotumika kama fedha njiani. Nguo ndiyo iliyotangulia: merikani, yaani pamba isiyotiwa rangi iliyofumwa Marekani, na kaniki, nguo ya buluu iliyokoza kutoka India. Kipimo kilikuwa doti, mikono minane, sawa na yadi nne. Nusu yake ni shuka. Baada ya nguo zilikuja shanga, ambazo rangi yake ilibadilika thamani kutoka nchi moja hadi nyingine, kisha masango, yaani nyaya nene za shaba. Misafara ya Wanyamwezi iliyoshuka pwani ilichukua pia majembe ya chuma yaliyofuliwa Unyamwezi na Usukuma, kwa kuwa Ugogo yalikuwa na soko zuri.

Ugogo, mahali ambapo maji yalikuwa na bei

Nchi iliyosifika kwa hongo kuliko zote ni Ugogo. Sababu yake ni jiografia. Upande wa mashariki msafara ulitoka Mpwapwa ukavuka nyika ya Marenga Mkali. Upande wa magharibi ulikabiliwa na Mgunda Mkali, pori refu lenye maji haba lililotenganisha Ugogo na Tura, mlango wa Unyamwezi. Katikati ya nyika hizo mbili msafara wa mamia ya watu haukuwa na mahali pengine pa kunywa na kununua nafaka. Mvua za Ugogo ni chache, na visima na mabwawa yalikuwa kazi ya mikono ya wenyeji. Aliyekunywa humo alitumia akiba ya watu ambao wangeihitaji kiangazi kinapozidi.

Mtemi wa Kigogo hakuwa mtoza ushuru tu. Alikuwa mwenye dhamana ya ardhi na mvua, na mgeni aliyepita bila kumtambua alikuwa amekivunjia heshima kiti chake. Kwa hiyo hongo ilibeba mambo mawili kwa pamoja: bei ya maji na kibali cha kupita kwa upande mmoja, na salamu kwa mwenye nchi kwa upande mwingine. Sehemu ya malipo iligawiwa wazee na jamaa za mtemi. Na kwa kuwa Ugogo haikuwa na mtawala mmoja bali watemi wengi waliojitegemea, msafara uliomaliza kwa mtemi wa kwanza ulianza upya kwa wa pili.

Utaratibu wa kulipa ulikuwa na hatua zake. Msafara ulipiga kambi, wajumbe wakaenda kwa mtemi, naye akataja kiasi. Wakuu wa msafara walitoa pungufu, wajumbe wakarudi na kurudi tena, na mashauri yaliweza kuchukua siku kadhaa. Ukubwa wa msafara, aina ya mizigo na sifa ya mwenye mali vilizingatiwa. Mzungu aliyekuja na mizigo mingi ya nguo bila bidhaa ya kuuza alionekana tajiri asiyefahamika, akatozwa ipasavyo. Kuchelewa kulikuwa gharama nyingine, maana wapagazi waliendelea kula kila siku ya mashauri. Speke alipopita Uzinza, kusini mwa Ziwa Victoria, mwaka 1861 alieleza jinsi ngoma zilivyopigwa kutangaza kwamba mtawala ameridhika na malipo, ishara kwamba mgeni yu huru kuendelea. Tangazo hilo ndilo lililokuwa stakabadhi ya malipo, tena mbele ya nchi nzima.

Vita vya ushuru Tabora

Huko Unyanyembe, nchi iliyoizunguka Tabora, hongo iligusa swali la nani mtawala. Mtemi Fundikira aliishi na wafanyabiashara wa Kiarabu bila kuwabana sana. Alipofariki mwishoni mwa miaka ya 1850, mrithi wake Mnywa Sere aliamua kwamba bidhaa zinazoingia nchini mwake zilipiwe ushuru. Wafanyabiashara walikataa, wakamwondoa kwa nguvu na kumweka Mkasiwa, ambaye hakuwa na nguvu ya kuwatoza. Mnywa Sere aliingia porini na kuisumbua njia kwa miaka kadhaa. Mwaka 1861 alikutana na Speke akaeleza kisa chake: kwamba kosa lake lilikuwa kudai ushuru katika nchi yake mwenyewe. Aliuawa mwaka 1865.

Mirambo wa Urambo, magharibi ya Tabora, alijifunza kutokana na hayo. Alijenga jeshi la rugaruga, yaani wapiganaji wake, akaishika njia ya kwenda Ujiji, akataka misafara imtambue. Mwaka 1871, kwa maelezo ya mwandishi wa habari Henry Morton Stanley, alisimamisha msafara wa Waarabu na kudai vipipa vitano vya baruti, bunduki tano na robota tano za nguo. Alilipwa, kisha akaurudisha msafara ulikotoka na kutangaza kwamba njia imefungwa. Waarabu wa Tabora walikwenda kumpiga mwezi wa Agosti wakashindwa, na siku chache baadaye Mirambo aliingia Tabora na kuchoma sehemu yake. Stanley, aliyekuwa akimtafuta mmisionari David Livingstone, alilazimika kupita kusini ili amfikie huko Ujiji, na alipoingia Uha, nchi iliyo karibu na Ujiji, alidaiwa hongo mara baada ya mara mpaka akaamua kuwatorosha watu wake usiku.

Mirambo alipopatana baadaye na wafanyabiashara, misafara ilipita tena, kwa masharti yake. Hadi alipofariki Desemba 1884, hongo ya njia ya Urambo ilikuwa pato la dola iliyojulikana hadi Zanzibar.

Jina lililopewa na wasafiri

Habari za hongo zilifika Ulaya kupitia vitabu vya waliolipa, nao waliandika kwa uchungu wa mlipaji. Burton aliieleza kwa Kiingereza kuwa ni "blackmail". Neno hilo nalo lina historia inayokaribiana na ya hongo. Lilianzia mpakani mwa Scotland na Uingereza katika karne ya 16, wakulima walipowalipa wakuu wa koo zenye silaha ili mifugo yao isiporwe. Sehemu yake ya pili, katika Kiskoti, ilikuwa na maana ya kodi. Kufikia karne ya 19 lilikwisha kuwa neno la aibu, na kulitumia kwa malipo ya mtemi kulimfanya mtawala aonekane mnyang'anyi kabla msomaji hajaelezwa habari za visima.

Wakati huo huo, pembe za ndovu zilizofika Zanzibar zililipiwa ushuru katika forodha ya Sultani, iliyokodishwa kwa wafanyabiashara wa Kihindi. Wasafiri wa Kizungu hawakuiita forodha hiyo unyang'anyi. Mtawala mmoja alikuwa na ofisi, daftari na mabalozi wa nchi za nje waliomtambua. Mwingine alikuwa na wazee, ngoma na visima. Wote wawili walitoza mali iliyopita katika himaya zao.

Lawama za wasafiri hazikuwa uongo mtupu. Wapo watemi waliopandisha kiasi kila walipoona mgeni ana haraka, na wapo waliokula ahadi wakadai tena asubuhi yake. Lakini udhia huo ni wa ushuru usio na kiwango kilichoandikwa. Wamisionari wa Kianglikana waliofungua kituo Mpwapwa miaka ya 1870, na mapadri wa White Fathers waliopita kwenda Tabora mwaka 1878, waliinung'unikia hongo, wakailipa, wakafika.

Mwisho wa malipo

Utawala wa kikoloni wa Kijerumani haukuweza kuvumilia mtoza ushuru mwingine njiani. Mwaka 1890 Mjerumani Carl Peters, akirudi kutoka Uganda, alikataa kulipa hongo Ugogo. Alichoma vijiji na kupora ng'ombe. Vituo vya kijeshi vilifuata, Mpwapwa na Kilimatinde vikiwa miongoni mwake, na mabavu yakawa sera. Huko Tabora, Mtemi Isike wa Unyanyembe alipambana na Wajerumani hadi Januari 1893, ngome yake ilipovamiwa na kikosi cha afisa Tom von Prince, naye akawasha ghala la baruti akiwa ndani. Baada yake hakuna mtemi wa huko aliyeweza kuusimamisha msafara.

Haki ya kutoza ilihamia serikalini. Amri ya mwaka 1897 ilianzisha kodi ya nyumba, na wenyeji waliopokea nguo za wapita njia sasa walidaiwa rupia. Reli ya kati ikamaliza kilichobaki: ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, mizigo ikaondoka mabegani mwa wapagazi, na garimoshi halikusimama kwa mtemi.

Maana iliyobaki

Kamusi zinaonyesha neno likiwa katikati ya safari yake. Kamusi ya A. C. Madan ya mwaka 1903 inaieleza hongo kwanza kabisa kama malipo ya kimila ambayo misafara ilitozwa na watawala wa bara. Kamusi ya Frederick Johnson ya mwaka 1939 ina maana ya ushuru na ya rushwa pamoja. Kwa msemaji wa leo maana ya pili ndiyo inayotangulia, na ya kwanza imebaki katika vitabu vya historia.

Mabadiliko hayo yanaeleweka. Serikali ya kikoloni, na zile zilizofuata, zilikuwa na majina yao ya malipo halali: kodi, ushuru, ada, leseni. Malipo yoyote nje ya hayo yalikuwa haramu, na hongo, iliyokwisha kupoteza watawala wake, ikaangukia upande huo. Huko ilikutana na rushwa, neno la asili ya Kiarabu ambalo tangu mwanzo lilikuwa la dhambi. Tanzania imelichagua rushwa kwa lugha ya sheria: chombo kilichoundwa mwaka 1991 kiliitwa TAKURU, na sheria ya mwaka 2007 ikakifanya TAKUKURU, Taasisi ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa. Nchini Kenya, vyombo vya habari hupendelea hongo kwa tendo la kumpa mtu fedha, na ufisadi kwa uovu kwa jumla. Mitaani kuna mlungula, chai na kitu kidogo. Kitenzi honga nacho kimepata uwanja mwingine katika mapenzi, ambapo mwanamume humhonga mwanamke fedha na zawadi, matumizi yasiyokuwa ya kisheria wala ya kitemi.

Malipo ya kupita hayakutoweka. Malori yanayobeba shehena kutoka Dar es Salaam kwenda Rwanda, Burundi na Congo hukata nchi ile ile ya Ugogo, yaani Dodoma ya leo, na magari ya kigeni hulipia matumizi ya barabara. Malipo hayo yana kiwango kilichotangazwa na stakabadhi, na yanaitwa ushuru.

Kwa mwanafunzi na mwalimu wa historia, funzo ni la usomaji. Anayekuta hongo katika maandishi ya Burton, Speke au Stanley asimwone mtemi kama afisa mla rushwa wa leo. Alikuwa mtawala aliyetoza ushuru katika nchi yake, na hesabu ya doti zilizolipwa ni ushahidi kwamba wapita njia walijua hivyo.